Makochi ya Mzee Hilario

Hebu niambie, umewahi kuona mama mwenye nyumba akimshikia mlango dalali wa mahakama ili makochi yapite vizuri?

Deus alikuwa hajaona. Katika udalali wake wote, kuanzia mtaa wa Picha ya Ndege hadi kijiji cha Gwata, alizoea kulaaniwa. Kina mama wengine humlilia, wengine hulikumbatia friji. Lakini hapa Kisarawe mama Monica alimkaribisha ndani, akamwekea chai ya tangawizi na vitumbua vya moto, kisha akaondoa vitambaa vya makochi, akavikunja kimoja kimoja.

"Haya, bebeni," aliwaambia wabebaji. "Hilo kubwa mguu wake unalegea, lishikeni kwa chini."

Mumewe, mzee Hilario, alisimama barazani na singlendi yake, amenuna. Alikuwa na shule ya bweni. Mpishi wake mkuu, Wilhelmina Didas, alipofikisha umri wa kustaafu alikwenda kuulizia pensheni, akaambiwa mfuko haujawahi kupokea mchango wake hata wa mwezi mmoja. Mzee alikuwa hapeleki. Mpishi akamwandikia barua ya madai, haikujibiwa. Akaenda Kibaha kwa wasaidizi wa sheria. Mzee akaitwa kwenye usuluhishi, hakutokea. Mwisho mahakama ikaamuru alipe michango yote, la sivyo mali yake ikamatwe na kuuzwa. Hakulipa. Ndipo Deus akaja na lori.

"Mchango wa nini?" mzee alimfokea. "Huyo mwanamke kala kwangu, kalala kwangu, nguo nimemnunulia mimi! Leo ananishitaki!"

"Kala ugali aliousonga mwenyewe," mama Monica alisema, akimimina chai. "Kunywa mwanangu, inapoa."

Deus alimwonea huruma. Mke wa mwenye shule, nyumba inabaki tupu, na bado ana moyo wa kumtetea mpishi.

"Mama, usijali," alimfariji. "Kitanda na vyombo vya kupikia sheria haituruhusu kugusa."

"Vizuri. Sufuria mmwachie. Atazihitaji."

Televisheni ikatoka. Friji likatoka, baada ya mama Monica kulikausha kwa tambara na kuchomoa waya wake. Jenereta lilikuwa zito, akawaonyesha mlango wa nyuma.

Hapo Deus akakumbuka jambo, akasimama.

"Tuna tatizo. Mdai alitakiwa anikute hapahapa, athibitishe mali na kutia saini. Mimi simfahamu hata kwa sura. Asipotokea, hivi vyote narudisha ndani."

"Rudisha!" mzee alisema upesi. "Rudisha, baba. Hana ubavu wa kutia saini mbele yangu."

Wabebaji wakalitua jenereta. Wakamtazama Deus, Deus akatazama njia. Hapakuwa na mtu anayekuja.

Mama Monica akavua aproni. Akapangusa unga vidoleni, akaichukua kalamu mkononi mwa Deus, akaandika jina lake polepole bila kuruka herufi: Wilhelmina Didas.

Mzee Hilario akatafuta pa kukaa, hapakuwepo.

"Mke wangu," alisema, sauti imemshuka, "kwani wewe hasa ulikuwa unataka nini?"

"Kustaafu, baba Monica."