Shimo la Siafu la Chui

Kaeni niwape kisa cha Fuko, na mwenye kukasirika asijizuie.

Chui, mtawala wa bonde, alimwita Fuko amchimbie shimo refu. "Ni ghala la mtama," alimwambia. Alimchagua yeye kwa sababu haoni. Lakini Fuko ana pua, na tangu lini mtama ukanuka siafu? Shimo lilijaa siafu maelfu kwa maelfu, wanalishwa nyama wakati watu wa bonde wanalala njaa.

Fuko alipouliza, Chui akamkemea. "Funga mdomo! Hiyo ni silaha. Siku moja nitawamwaga ng'ambo ya mto, kwa adui yetu Nyani. Akipata habari, taifa limekwisha."

Fuko akanyamaza, maana alilipenda bonde lake. Masika yakaja, maji yakajaa shimoni, siafu wakapanda juu wakavamia nyumba ya jirani. Jirani alikuwa Fuko. Hawakumwachia hata mtoto mmoja.

Akaenda kulia kwa Chui. Akamkuta barazani anakula na mgeni, na mgeni mwenyewe ni Nyani.

"Pole sana, mama," Nyani akasema, huku akijifuta mdomo. "Siku ile nilipomuuzia Chui malkia wa siafu, nilimwonya asiwafuge karibu na watoto."

Fuko akamgeukia Chui, na Chui akainamia sahani yake.

"Kumbe, mtukufu," Fuko akasema, "muda wote huu, adui uliyekuwa ukimficha siri ni mimi."