Kofia ya Siku ya Kuona

Asubuhi ukungu ulioachwa machoni na matibabu ya leza ulipomtoka, Shekue aliona kila kitu: nyufa za ukuta, mchwa mlangoni, mvi za mkewe.

"Haya, sema kweli, nimezeeka?" Mwanahalima alimtania.

"Umezeeka vizuri."

Mkewe akacheka, akampa kofia aliyomshonea kwa mkono ili aivae siku atakapoona. Shekue aliigeuza kwenye mwanga. Maharusi wa mji mzima walivaa kofia za mwanamke huyu. Hii ilikuwa na maua yaliyopandana, matundu ya nakshi yaliyozibwa kimakosa, na uzi wa kahawia palipotakiwa mweupe.

"Mbona kimya, Baba Rukia? Hujaipenda?"

"Nimeipenda. Na macho yako, Mama Rukia?"

"Mazima! Si nilikwambia tangu mwanzo, wa kutibiwa ni wewe?"

Shekue aliinuka kitini taratibu, miguu mitupu, akaenda kusimama dirishani huku machozi yakiyachoma macho yake mapya.

Nyuma yake Mwanahalima alikuwa bado amekielekea kiti kitupu, akikitabasamia.

"Basi ivae," alikiambia, "nikuone."