Mkono wa Kulia wa Doto

Festo aliziacha fimbo zote zilizokuwa nyuma ya kibanda chake cha kutengenezea baiskeli, akachukua mpini wa jembe.

Habari alikuwa ameletewa na Elieth, binti wa jirani, anayesoma tuisheni pamoja na Pelagia, mdogo wake Festo. Watoto hao wamemaliza la saba, wanajiandaa na kidato cha kwanza. Elieth alikuja kujaza upepo, akasema tu, kama anayesimulia hali ya hewa, kwamba Doto wa darasa lao anamchapa sana Pelagia. Kila siku. Leo Pelagia amelia mpaka kuku wa mwenye nyumba wametawanyika.

"Anamchapa kwa nini?"

"Akikosa Kiingereza. Doto anatupa mgongo sisi, anamkamata kiganja kwa mkono wake wa kushoto asikwepe, halafu anashusha."

Ndivyo mwalimu Lugembe alivyofundisha katika chumba alichopanga pale mtaa wa Kanyenye. Wiki hii ilikuwa ya maneno ya mara ngapi. Asiyejua maana ya double anachapwa mbili, triple tatu, quadruple nne. Neno lenyewe ndilo adhabu yake. Na anayechapa si mwalimu. Anayewahi kujibu ndiye anayepewa fimbo awachape waliokosa. Zamani alikuwa akiwahi Kasimiri, na kwa fimbo zake Mussa hadi leo ana kovu kiganjani. Doto alikuwa wa nyuma kabisa darasani. Sijui alikesha na vitabu vya nani, ghafla akawa anajibu kabla swali halijaisha, na fimbo ikawa yake.

Pelagia ana selimundu. Vipindi vingi vilimpita akiwa amelazwa. Festo amemlea tangu mama yao afariki. Usiku mifupa ikimuuma, yeye ndiye anayechemsha maji na kumkanda magoti mpaka alale. Hospitali walimwonya kwamba baridi, uchovu au kipigo vinaweza kumrudisha wodini, na safari nyingine asitoke. Festo alikwenda mwenyewe kumwomba mwalimu. Mwalimu akaahidi kwamba hatamgusa yule mtoto. Ahadi akaitimiza, hakumgusa.

"Na kesho ni tenfold, fimbo kumi," Elieth alisema, akapanda baiskeli yake akaenda.

Doto hurudi kwao kwa ile njia ya zamani ya misafara ya kwenda Ujiji, ambayo siku hizi ni ya ng'ombe na bodaboda. Jua lilikuwa bado kali. Festo alijibanza kwenye ukuta wa nyumba ambayo haijaisha kujengwa, akamwona akisimama bombani kumtwisha bibi mmoja ndoo. Alimtwisha kwa mkono wa kulia na bega, maana wa kushoto ulikuwa umevimba, umefungwa kitambaa. Mkono wa mgomvi, Festo akajiambia.

"Shikamoo, kaka Festo," Doto akasema alipomwona. "Pelagia ameshafika nyumbani?"

Jina lile katika kinywa kile ndilo lililomwasha. Mpini ulimpata Doto nyuma ya magoti, akaanguka kifudifudi, mdomo ukagonga ardhi.

"Bingwa wa Kiingereza," Festo akasema. "Nifundishe na mimi. Double ni nini?"

"Mara mbili, kaka."

Festo akampiga mbili, mgongoni.

"Triple?"

"Mara tatu. Kaka, subiri nikueleze..."

Hakusubiri. Akampiga tatu. Quadruple Doto aliijibu kwa vidole, kwa kuwa mdomo ulikuwa umejaa damu, na Festo akampiga kama vidole vilivyoonyesha. Yule bibi aliitua ndoo yake, akaja akichechemea, akamsihi: mwanangu, inatosha, huyu ni mtoto wa mwenzio. Festo akamsogeza kando kwa kiwiko.

Doto hakutukana wala hakuomba kuachwa. Ila Festo alipomkanyaga kifundo cha mkono wa kulia, ndipo alipotema damu akasema.

"Huo niachie, kaka. Mpaka kesho tu. Vunja huu." Akautoa ule wa kushoto, na kitambaa chake.

"Ili kesho umchape Pelagia tenfold?"

Doto akatema damu tena.

"Ndiyo," akasema.

Festo akauinua mpini kwa mikono yote miwili. Mfupa ulilia kama ukuni mkavu. Alipoondoka, bibi alikuwa amekaa vumbini, kichwa cha Doto mapajani mwake, anachana kanga yake amfunge ule mkono.

Nyumbani, Pelagia alikuwa uani anachambua maharage, ungo magotini. Alimwamkia kaka yake, akataka kuinuka amletee maji ya kunywa kama afanyavyo siku zote. Festo akamwambia akae. Akachuchumaa mbele yake, sauti ikawa laini tena, akamwambia kwamba mambo yote ameyasikia kwa Elieth, na kwamba alikosea kumficha kaka yake.

"Sasa yamekwisha. Doto hatakushikia fimbo tena. Nimemvunja mkono."

Pelagia akaacha kuchambua.

"Mkono upi?"

"Wa kulia."

Ungo ulianguka, maharage yakatapakaa uani. Pelagia akamnyooshea kaka yake viganja vyote viwili, laini, havina hata mchubuko.

"Kaka," akasema, "kesho nani atanichapa?"