Kidari Aliyemwonea Mama Yake Haya

Hii si ya kale, ni ya juzi tu. Bata na kinda wake, Kidari, walifugwa katika nyumba yenye televisheni. Kila alasiri Kidari alisimama kizingitini kumtazama Tai, shujaa wa mchezo, akiruka juu ya moto na kuwapiga maadui. Punde akaanza kusema kama Tai na kutembea kama Tai, na mama yake akawa anamtia aibu.

“Mama, usinifuate mbele ya wenzangu,” alisema. “Unayumba kama uliyebeba ndoo.”

“Sawa, mwanangu. Ila usiende bwawani peke yako. Kuna Kenge.”

“Aje! Nitampiga kama Tai.”

Akaenda. Kenge alipochomoza majini, Kidari alitanua vibawa vyake laini, akapiga ukelele wa Tai. Kenge akacheka, akamkamata mguu.

“Mama!” Kidari akalia.

Bata akaja mbio, akiyumba. Akamrukia Kenge usoni, akampiga mabawa, akamdonoa jichoni. Mkia wa Kenge ulimchana kifua, lakini hakurudi nyuma. Kenge akaona heri njaa kuliko upofu. Akamwachia kinda, akazama.

Nyumbani Kuku alishtuka. “Bata, ndugu yangu, damu hiyo ya nini?”

“Nimejikwaa tu,” Bata akasema, maana hakupenda makuu.

Kidari akajitokeza, kifua mbele. “Hakujikwaa, shangazi! Amempiga Kenge, na Kenge amekimbia. Waambie wote. Huyu ni mama yangu!”