Ubeti wa Tatu

Fundi mwashi alipolikuta shairi kwenye daftari la mkewe, hakuuliza. Alimpiga kofi, kisha ngumi, mpaka jino la mbele likadondoka sakafuni.

"Nani huyu 'mpenzi aliyelala mbali nami'? Mtaje!"

Mkewe akajifuta damu kwa kiganja. "Umesoma beti ngapi?"

"Mbili zinanitosha!"

"Soma wa tatu. Kwa sauti."

Akasoma kwa kejeli, hadi alipofika kwenye vidole vidogo, blanketi la manjano na siku tisa za uhai. Akalishusha daftari. Kwenye blanketi lile walimzika binti yao, na kaburi alilichimba yeye mwenyewe.

"Mama watoto..." Akapiga magoti, kichwa chini.

Alipoinua macho, mkewe alikuwa ameshaitoa nyundo kwenye ndoo ya kazi ya mumewe.