Sabuni ya Mshindani

Shamte, mwenye kiwanda kikubwa cha sabuni, alikuja asubuhi kuomba auziwe kiwanda kidogo cha Raudha. Raudha alikuwa amekirithi kwa bibi yake, pamoja na masufuria, rafu za mbao na ubishi wote.

"Mimi nina mashine, bibie. Wewe bado unachemsha kwa kuni. Niuzie, upumzike."

Raudha alikuwa amenusa kitu. Akamsogelea, karibu kuliko inavyofaa kati ya washindani, akainusa kola ya shati lake. Mchaichai na mdalasini. Mjini kote, sabuni hiyo ilipikwa hapa tu.

"Shati hili umelifulia sabuni ya nani, bwana Shamte?"

Shamte akatazama dari. "Yangu inachubua mikono," alisema mwishowe. "Nina miche yako minne uvunguni."

Raudha alijiona amerefuka. Angeweza kumcheka mpaka jioni, lakini alichukua kisu, akakata kipande kibichi, akakichora herufi S na kukiweka rafuni.

"Hiki chako. Kitakauka kwa wiki sita, na kila Ijumaa lazima kigeuzwe. Mimi sina nafasi ya kugeuza sabuni ya mshindani."

"Ijumaa ni kesho," alisema Shamte, na habari ya kununua kiwanda hakuigusa tena.

Alipotoka, Raudha alikitoa kile kipande katikati ya vingine, akakipeleka rafu ya mwisho kabisa, ambayo mtu haifikii bila kupita mezani kwake.