Wimbo wa Kumsinga Bi Harusi

Bi Kidawa, somo aliyemfunda bi harusi, Semeni, alikuwa akimsinga, akimsugua mgongo kwa liwa. Kama kawaida yake, alitoa sauti tu ya wimbo aliotunga mwenyewe zamani, akamwachia bi harusi atie maneno.

Semeni akaimba, macho kayafumba: “Shika panga, jirani asibaki.”

“Mwanangu! Hayo si maneno ya wale wapiganaji wa msituni?”

“Ndiyo, somo. Wanaturushia kwenye simu. Mtamu!”

“Wimbo huo ni wangu. Wa maharusi.”

Semeni akafumbua macho. “Kwani ulikuwa na maneno mengine?”

Uani, wanawake waliudaka wimbo wakaupigia makofi. Mikono ya Bi Kidawa iliendelea kusugua, kwa mwendo ule ule wa wimbo.